Siku Moja ya Suwon, Iliyosimuliwa Mara Mbili

Mwongozaji wa filamu kutoka Seoul anaalikwa mji wa Suwon kuonyesha kazi yake na kuzungumza na watazamaji. Waandaaji wamechanganya ratiba, kwa hiyo amefika siku moja mapema na hana la kufanya. Nyumbani ana mke na watoto wawili. Anazurura hadi kwenye kasri la kale, anamkuta mwanamke kijana ameketi peke yake barazani akinywa maziwa ya ndizi. Anamsogelea, anamsemesha. Basi, shughuli imeanza.

Kisa chenyewe ndicho hicho, na kwa maelezo hayo hakina jipya. Kila mtaa una wake. Lakini Hong Sang-soo, mwongozaji wa filamu wa Korea Kusini, amekitendea jambo ambalo limenifanya nikirudie mara kadhaa. Filamu yake ya mwaka 2015, Right Now, Wrong Then, ina dakika 121, na ikifika katikati jina la filamu linatokea upya kwenye skrini, tunarudishwa asubuhi ile ile, kasri lile lile, watu wale wale. Siku inaanza tena. Sehemu ya kwanza inabeba jina lililopinduliwa: wakati ule ilikuwa sawa, sasa ni kosa. Ya pili inasema kinyume chake. Hakuna anayekumbuka kwamba siku hii imeshapita, hakuna mashine ya kurudisha wakati wala ndoto. Inasimuliwa tu kwa mara ya pili.

Filamu hiyo ilichukua Chui wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la Locarno kule Uswisi, Agosti 2015, na Jung Jae-young, anayecheza mwongozaji Ham Chun-su, akapata tuzo ya mwigizaji bora wa kiume. Yule mwanamke wa barazani, mchoraji Yoon Hee-jung, anachezwa na Kim Min-hee. Walioitazama wengi hueleza tofauti ya sehemu hizo mbili kwa kifupi: mara ya kwanza jamaa ni mwongo, mara ya pili ni mkweli. Nadhani maelezo hayo yanampendelea mno. Ham Chun-su ni yule yule tangu mwanzo hadi mwisho, na tamaa zake ni zile zile. Kinachohama ni saa ya kusema jambo moja, kwamba ana mke, na nani anayelisema.

Kwanza tuwaweke watu mahali pao. Chun-su ni mtu mwenye jina. Hee-jung amewahi kumsikia ingawa hajaona filamu zake. Yeye aliwahi kuwa mwanamitindo, akaacha, sasa anachora, anaishi na mama yake na marafiki hana wengi. Anamwita kwa cheo chake kilichotiwa heshima, kama Wakorea wanavyofanya kwa mtu aliyewazidi umri au nafasi. Chun-su anatoka mji mkuu na kesho anaondoka. Mwanamke anabaki Suwon, kwenye mji ambao watu wanajuana. Uzani haukuwa sawa tangu salamu ya kwanza, na mwongozaji analijua hilo fika. Hata kabla ya kukutana na Hee-jung, tumemsikia akijisemea moyoni kuhusu msichana mwingine, msaidizi wa waandaaji, kwamba ni mrembo na inabidi ajihadhari naye. Mtu anayejionya namna hiyo mapema asubuhi ana historia.

Hata mahali walipokutania pana maana. Hwaseong Haenggung ni kasri la mpitaji. Mfalme Jeongjo wa Joseon, ufalme wa Korea ya zamani, aliyejenga ngome ya Hwaseong kati ya 1794 na 1796, alikuwa akifikia hapo anapotoka Seoul kwenda kuzuru kaburi la baba yake, mwanamfalme Sado. Huyo Sado ndiye aliyefungiwa ndani ya sanduku la mchele mwaka 1762 kwa amri ya mfalme, baba yake mzazi, akaachwa humo mpaka akafa. Filamu haigusi lolote kati ya hayo, na Hong si mtu wa kutupa mafumbo ya historia. Ila kwa mtazamaji wa Kikorea mahali hapo panajieleza penyewe: watu wakubwa kutoka Seoul hufikia hapo, hulala, huondoka.

Sasa siku ya kwanza. Wanatoka kasrini, wanakwenda kunywa kahawa, kisha mwanamke anamkaribisha kwenye chumba chake cha kuchorea. Chun-su anaitazama picha na kumwaga sifa. Hee-jung anachora bila kujua anakoelekea, anasema, anatafuta, ana ujasiri, njia hiyo ni ngumu. Maneno mazuri, yamepangika, yametoka kwa mtu anayejua sanaa. Hee-jung anayapokea kama mtu ambaye hajasikia neno jema juu ya kazi yake kwa muda mrefu. Jioni wanaingia kwenye mgahawa wa sushi, wanakaa kaunta, chupa za soju, pombe ya Kikorea, zinaongezeka, na jamaa anaendelea kumsifia uzuri. Kwa lugha ya vijana wa Dar, anapiga saundi. Anapiga vizuri pia.

Halafu wanakwenda kwa rafiki zake Hee-jung, watu wazima kidogo kuliko yeye, mahali ambapo ndipo kundi lao hukutania. Hapo ndipo kila kitu kinaporomoka, tena kwa upole wa kutisha. Mwenyeji anamuuliza mgeni juu ya ndoa yake. Sifa yake ya kupenda wanawake nayo inatajwa, kwa tabasamu. Na mtu mmoja anakumbuka kwamba yale aliyomwambia Hee-jung kuhusu picha yake yanafanana sana na yale ambayo mwongozaji husema kwenye mahojiano kuhusu filamu zake mwenyewe. Sifa zile zilikuwa za kukodi, kama suti ya harusi iliyokwisha kupita kwenye miili mingi.

Mwangalie Hee-jung wakati huo. Hapandishi sauti. Anasinyaa, anajitenga, anataka kulala. Na hapa naomba tusikimbie, kwa sababu ndipo ulipo mzizi wa kisa. Tukirudi nyuma tukachunguza mazungumzo ya mchana kutwa, hakuna mahali Chun-su aliposema kwamba hajaoa. Hakuulizwa, hakusema. Utetezi huo tunaujua sote, “si hakuniuliza?”, na mbele ya mwanasheria pengine ungesimama. Lakini ukimya wake ulifanya kazi saa zote zile. Kila alichokubali Hee-jung, kahawa, chumba cha kuchorea, soju, na hatimaye kumpeleka mbele ya watu wake, alikikubali akiwa na hesabu isiyo kamili. Na aliyekuja kuikamilisha hesabu hiyo hakuwa mwanamume mwenyewe. Ni mtu wa tatu, mezani, mbele ya wengine. Aibu ikamwangukia aliyemleta mgeni.

Kesho yake, kwenye kikao na watazamaji, mwongozaji analipuka kwa hasira mbele ya aliyekuwa akiongoza mazungumzo, kisha anatoka nje na kuendelea kulalama. Sitatumia muda mwingi hapo. Ni hasira ya mtu aliyevuliwa nguo usiku uliopita na ambaye hakupata pa kuimalizia.

Siku ya pili inaanza bila papara, na kwa robo saa ya kwanza unaweza kudhani umerushiwa mkanda ule ule. Tofauti ni ndogondogo, jicho linalotulia kidogo zaidi, jibu linalokawia. Yaani ukiwa mtu wa kuangalia huku unachezea simu, hutaona kitu. Kisha tunafika chumba cha kuchorea. Safari hii anapoombwa maoni, Chun-su hamwagi sifa. Anasema picha ile ni ya kujiliwaza, haina ujasiri wa kutosha. Hee-jung anawaka. Wanagombana, mchoraji na mgeni aliyefahamiana naye saa chache tu. Mwanamume anayetaka tu kumaliza haja zake asingethubutu kufanya hivyo. Au angethubutu, akijua kwamba ugomvi mdogo nao huvuta watu karibu. Hong hatuambii ni kipi, na sidhani kama Chun-su mwenyewe anajua.

Tukio la mgahawa wa sushi, upande huu wa pili, ndilo ningemwonyesha mtu kama angekuwa na dakika chache tu za kuionja filamu hii. Kamera imetulia. Wawili wako kaunta, chupa mbele yao, na Hong hakati. Anawaacha tu wanywe, wanyamaze, wacheke, warudie walichokwisha kusema kama walevi wafanyavyo. Inajulikana kwamba huwapa waigizaji wake soju ya kweli, na hapa unaamini, kwa namna nyuso zinavyolegea na maneno yanavyoanza kuteleza. Hakuna muziki wa kukuambia ujisikieje. Mara kamera inavutwa karibu kwa ghafla, bila ustadi wa kujionyesha, kisha inatulia tena.

Hapo Chun-su anasema. Anampenda, angetaka kumuoa, lakini hawezi kwa sababu ana mke na ana watoto wawili. Analia. Analia kweli, kilio cha pombe na cha moyo vikiwa vimechanganyikana. Halafu anatoa pete ambayo ameiokota njiani na kumpa. Pete ya kuokota! Ungetegemea mwanamke ainuke na kuondoka. Hee-jung haondoki. Anasikitika, anafurahi, anaichukua pete. Kuanzia hapo yuko kwenye jioni ile akijua yuko na nani.

Nasikia sauti ya msomaji, hasa dada aliyeshuhudia mengi: huo nao si ni mtego? Ni kweli kabisa. Kati ya saundi zote duniani, “nina mke lakini moyo wangu uko kwako” ni ya zamani na inafanya kazi kuliko zote. Inamfanya anayetongoza aonekane mhanga, inamgeuza mke kuwa ukuta badala ya mtu, na anayeambiwa anajiona ndiye pekee aliyefunguliwa siri. Machozi yakiongezwa, shauri limekwisha. Chun-su wa siku ya pili anaweza kuwa mjanja zaidi kuliko wa siku ya kwanza. Sina ushahidi wa kumsafisha na filamu hainipi.

Lakini tukiacha nia yake, ambayo hatuwezi kuipima, tukaangalia alichobaki nacho mwanamke, tofauti ni kubwa. Habari ile imemfikia mapema, kutoka kwa mhusika, wakati ambapo bado anaweza kuitumia. Anaweza kunyanyuka. Anaweza kubaki. Anaweza kubaki kwa masharti yake. Akimpeleka kwa rafiki zake usiku ule, hapeleki mtu asiyemjua. Na ndiyo maana kituko cha usiku huo kinaishia tofauti kabisa. Chun-su, amelewa chakari, wakati Hee-jung hayupo chumbani, anavua nguo zote mbele ya wale wanawake wengine. Wanapigwa na butwaa. Kwa kipimo chochote ni fedheha kubwa kuliko ile ya siku ya kwanza, maana siku ile hakuna aliyevua hata koti. Hee-jung anapokuja kuambiwa, anacheka. Safari hii aibu ni ya aliyevua nguo. Hee-jung hana cha kulipia.

Tukio hilo la kuvua nguo limewagawa watu. Wengine wanalichukua kama Hong anachekesha tu, wengine wanaona ni ishara ya ukweli, kwamba mtu ambaye hana tena la kuficha hafichi hata mwili. Mimi nalichukua kwa uzito mdogo zaidi. Ni mlevi. Na ni vizuri filamu imelitia hapo, kwa sababu bila hilo tungeanza kumwona Chun-su wa pili kama malaika aliyetubu. Ukweli aliousema mgahawani haukumpa busara.

Waliolelewa na tamthilia za Kikorea, zile zinazotafsiriwa kwa Kiswahili na kutazamwa hadi usiku wa manane, watapata shida kidogo hapa. Kule kuna kijana wa tajiri, mama mkwe mwenye bahasha ya pesa, ajali ya gari, mtu kupoteza kumbukumbu. Mambo yakichafuka, yanachafuka kwa matukio. Hapa hakuna anayegongwa na gari. Watu wanakula, wanakunywa, wanaongea, na kila kitu kinaamuliwa na sentensi moja iliyosemwa au iliyomezwa.

Namna Hong anavyofanya kazi inasaidia kueleza kwa nini sentensi zina uzito huo. Haandiki muswada mzima mapema. Huandika mazungumzo ya siku asubuhi ya siku hiyo hiyo, waigizaji wanayapokea, wanayakariri, wanaingia kazini. Kikosi chake ni kidogo, bajeti ndogo, mahali pa kupigia picha ni pale pale palipo. Kwa filamu hii alipomaliza sehemu ya kwanza aliihariri na kuwaonyesha waigizaji kabla hawajaanza ya pili. Kwa hiyo Jung na Kim waliingia siku ya pili wakiwa wameshajiona walivyokuwa siku ya kwanza. Wahusika hawakumbuki chochote, waigizaji wanakumbuka kila kitu. Nadhani ule utulivu wa macho niliouona mwanzoni mwa sehemu ya pili unatokea hapo.

Kuna jambo lingine ambalo mtazamaji wa nje hulipita. Februari 26, 2015, miezi michache kabla ya filamu kuonyeshwa Locarno, Mahakama ya Katiba ya Korea Kusini ilifuta, kwa kura 7 dhidi ya 2, sheria iliyofanya uzinzi wa mwanandoa kuwa jinai. Sheria hiyo ilikuwepo tangu 1953 na adhabu yake ilifika kifungo cha miaka miwili. Mwenye ndoa akilala na mtu wa nje, wote wawili waliweza kushtakiwa, mradi mwenzi aliyekosewa apeleke malalamiko. Kwa hiyo kwa zaidi ya miaka 60, mwanamke aliyefichwa kwamba jamaa ameoa alikuwa anaburuzwa karibu na hatari ambayo hata kuisikia hakuisikia. Ukiitazama filamu na hilo kichwani, ukimya wa siku ya kwanza unazidi kuwa mzito.

Na Septemba ya mwaka huo huo, Mahakama ya Juu kabisa ya nchi hiyo iliamua kwa kura 7 kwa 6 kushikilia kanuni ya zamani: mwanandoa aliyeivunja ndoa kwa kosa lake hawezi yeye kudai talaka mahakamani kama mwenzake hataki. Kanuni hiyo iliwekwa kumlinda hasa mke asitupwe. Sasa rudi pale kaunta. “Siwezi kukuoa kwa sababu nina mke” si maneno ya kimapenzi tu. Mwanamume wa Kikorea aliyemkosea mkewe, mke akikataa, kwa kawaida hana mlango wa kutokea. Machozi ya Chun-su yana sheria ndani yake, na pete ya kuokota ndiyo pete pekee aliyokuwa na uwezo wa kuitoa.

Huyo mke, hata hivyo, haonekani. Katika siku zote mbili hana jina, hana sauti, hata simu hapigi. Huu ndio udhaifu ninaoushikia bango. Filamu inapima kwa makini sana kile anachodaiwa Hee-jung, ambacho ni kuambiwa mapema, lakini haitaki kujua anachodaiwa mwanamke aliyebaki Seoul. Siku ya pili ni sawa kwa wawili waliokaa kaunta. Kwa mke, siku zote mbili zimefanana: mumewe alikwenda kikazi, akalewa na mwanamke mwingine, akarudi. Huenda katika ya pili ameumizwa zaidi, kwa sababu mumewe alitamka kwa kinywa chake kwamba angemuacha kama angeweza.

Hee-jung mwenyewe anamaliza siku ya pili vizuri. Asubuhi anakwenda kuona filamu ya Chun-su, wanaagana ndani ya ukumbi, anamwambia atazitazama kazi zake zote. Hakuna namba zinazobadilishwa kwa siri wala ahadi ya kuonana Seoul. Wengine wanalalamika kwamba ni mapenzi yasiyofika popote. Yamefika. Walitaka kitu, wakajua kwa nini hakiwezekani, kila mmoja akashika njia yake, na mwanamke akabaki na jioni nzuri ambayo hahitaji kuionea haya mbele ya marafiki.

Maisha ya waliotengeneza filamu hii yalikwenda kwingine. Hii ilikuwa mara ya kwanza kwa Kim Min-hee kufanya kazi na Hong. Mwaka 2016 magazeti ya Korea yakajaa habari zao, na Machi 2017, wakizindua filamu nyingine mjini Seoul, walisema hadharani kwamba wanapendana. Hong alikuwa na mke. Tangu hapo watu huitazama Right Now, Wrong Then kama vile ni shajara, wakitafuta dalili kwenye kila glasi ya soju. Nashauri tusifanye hivyo. Kisa cha Suwon kinasimama bila udaku huo. Ila kipande kimoja cha habari hizo kinahusu hoja hii moja kwa moja. Hong alifungua shauri la talaka, mkewe hakukubali, na Juni 2019 mahakama ya familia ya Seoul ikalitupilia mbali kwa kanuni ile ile: aliyeivunja ndoa ni yeye, kwa hiyo hawezi kuwa yeye wa kuomba ifutwe. Mke ambaye filamu haikumpa hata mstari mmoja, mahakamani neno lake ndilo lililosimama.